Malalamiko ya Mtu wa Karibu

Nyumbani kwa Mzee
3 Machi

Mdogo wangu Profesa,

Sikuulizi hali, maana utanijibu kurasa mbili. Sisi tupo. Mzee anakula vizuri na ananitukana vizuri. Mimi ndiye nimevurugwa.

Jana hospitali wamenipa barua ya kuitwa mbele ya kamati ya nidhamu, makao makuu, tarehe 28 mwezi huu. Miaka kumi na tisa nanyoosha watu viungo, nimesimamisha waliokwisha kununuliwa sanda, na sijawahi kuitwa popote ila kwenye chai ya kuwaaga wastaafu. Barua yenyewe ni ya Kiingereza, mistari minne. Inasema kuna mtu amelalamika kwamba mgonjwa wangu mmoja namhudumia “aggressively”. Basi. Hawasemi ni nani aliyelalamika wala aliona nini. Wanasema nikipatikana na kosa leseni yangu inaweza kufutwa.

Na mgonjwa mwenyewe unamjua. Ni Baba yetu. Tangu kiharusi kimpige Desemba, hospitali walimwandikisha kama mgonjwa wa kuhudumiwa nyumbani, na kwa kuwa naishi naye wakanipa mimi faili lake. Sasa nashtakiwa kwa baba yangu.

Wewe kazi yako ni kamusi, na uliniambia mwaka huu wote mko kwenye herufi A. Kiingereza changu ni cha mifupa na misuli. Neno hilo najua maana yake ya barabarani, nataka ile ya kwenye karatasi. Niandikie mistari mitatu nitakayoweza kuisoma mbele ya watu bila kutetemeka. Usinipigie simu, mara ya mwisho ulinikatia.

Dada yako

*

Chumba cha Kamusi
9 Machi

Dada yangu mpendwa,

Shikamoo. Nimesikitika, na mara hiyohiyo, nisamehe, nimefurahi, kwa sababu neno hilo tumegombana nalo hapa ofisini wiki tatu. Mhariri mkuu anataka “kwa ukali”. Mimi nimekataa. Ukali kwetu una heshima yake: mwalimu mkali anasifiwa, baba mkali anasimuliwa hadi kwa wajukuu. Neno hili halina heshima hiyo. Anayetenda hivyo anamwendea mwenzake kama vile mwenzake ni kizuizi njiani. Kwa hiyo kwanza ni kwa shari, yaani kwa kutafuta ugomvi. Halafu ni kwa ubabe, pale ambapo mtu hatafuti ugomvi ila hajali kama utatokea. Halafu kuna matumizi ya watu wa biashara na wa tiba, ambayo hayana ubaya: kulikabili jambo kwa nguvu zote, bila kusita, kabla halijakushinda. Tatizo ni kwamba Mwingereza ameyafungia yote kwenye kifurushi kimoja, na sisi lazima tukifungue.

Unajua utaratibu wetu. Hatutungi mifano. Kila kadi ya neno lazima iwe na sentensi iliyoandikwa na mtu kweli, mahali fulani, kwa shida yake. Nakunakilia zilizo mezani kwangu, nimezitafsiri. Mbwa wa mlinzi humbwekea tarishi kwa shari. Dereva wa lori alitukata mbele kwa ubabe. Kampuni inaitangaza sabuni yake kwa nguvu zote msimu huu. Binti alimwinua mzee kwa kumvuta mshipi wa kiunoni, kwa ubabe, huku mzee akilia. Kidonda kama hiki kitibiwe kwa nguvu zote kabla hakijafika mfupani. Ile ya nne bado sijaridhika nayo, kuna kitu katika “ubabe” kinachozidi, lakini “nguvu” peke yake haitoshi.

Nina swali moja, Dada, na usinikasirikie. Je, ni kweli? Namaanisha, ukiliweka neno pembeni, ulichokifanya chenyewe kikoje?

Mdogo wako,
Profesa

*

Nyumbani kwa Mzee
13 Machi

Profesa,

Nimekuomba kikombe cha maji umeniletea mafuriko. Niliisoma barua yako hadi kwenye yule mbwa wa mlinzi, nikapitisha macho tu hadi swali lako la mwisho, nikaiweka chini ya birika, na huko ndiko iliko. Nina siku kumi na tano, sina muda wa mbwa.

Unaniuliza ikoje. Iko hivi. Asubuhi, mchana na jioni namfunga Mzee ule mshipi wake mpana wa ngozi, aliokuwa akivaa dukani enzi anashona, nashika nyuma, nasema simama. Hataki. Nasema tena. Ananiita majina ambayo fundi cherehani mwenye heshima zake hakupaswa kuyajua. Nanyanyua, anasimama. Mara kumi. Kisha hadi mlango wa jikoni, kisha ngazi tano za nje, kupanda na kushuka, uzito kwenye mguu wa kulia. Mwisho anaokota vifungo kwenye sahani kwa mkono wa kulia, kimoja kimoja, anavitia kwenye kopo. Vikimwagika anaanza upya. Desemba alikuwa gogo kitandani. Wiki iliyopita alifika ngazi ya tatu.

Sasa sikiliza kituko. Nimefungua faili lake, na daktari mwenyewe, kwa mkono wake, ameandika kwamba mguu huu ushughulikiwe “aggressively” miezi hii ya mwanzo, vinginevyo utakakamaa. Neno lilelile. Daktari akiliandika ni matibabu, mimi nikilitenda ni kosa la kinidhamu. Nilimwonyesha mkuu wa kitengo. Akasema hayo nitayaeleza huko huko, kisha akanipa barua ya pili: nimesimamishwa kazi hadi kamati ikae, na nisimguse mgonjwa.

Nisimguse. Naishi naye nyumba moja, namkaangia mayai, lakini mguu wake nisiuguse. Hospitali hawana mtu mwingine wa kumleta. Leo ni siku ya pili amekaa kwenye kiti tangu asubuhi, na vidole vya mguu vimeshaanza kujikunja. Jirani namwogopa kumwomba, maana sijui kama si yeye aliyenichoma. Anasikia kila kitu kupitia ukutani.

Kwa hiyo achana na maana. Njoo. Siku kumi na tano tu, nitakuelekeza, wewe utamshika. Hujakanyaga hapa tangu Mzee augue, na sijawahi kukulaumu kwa maandishi. Sasa nakulaumu kwa maandishi.

Dada yako

*

Chumba cha Kamusi
17 Machi

Dada,

Natamani ningekuja. Herufi A lazima iwe kwa mchapaji mwisho wa mwezi, na mhariri mkuu ameumwa mgongo, kwa hiyo kadi zote zimeniangukia. Mwezi ujao nitaomba ruhusa, naahidi.

Nimefikiria utetezi wako. Usiingie pale na faili la daktari kama mtu anayetaka kuwakomoa, watachukia. Sema ulifanya “kwa uthabiti”. Ni neno zuri, limesimama wima, halina damu. Nimekuandikia aya nzima kwenye karatasi ya pili, ikariri. Pia ingekuwa busara kuomba radhi kidogo. Sema umechoka, umebeba mzigo peke yako, huenda ulizidisha. Watu wa kamati nao ni binadamu. Mzee wa miaka sabini na moja, mtu aliyekuwa na duka lake na heshima zake, kulia mbele ya mtoto wake si jambo dogo, na wao watalitazama hivyo.

Na labda, Dada, kupumzika siku hizi chache hakutamdhuru. Labda na yeye alihitaji kupumzika.

Mdogo wako,
Profesa

*

Nyumbani kwa Mzee
20 Machi

Mtu wa Karibu,

Ndivyo ulivyojitia sahihi, si ndiyo?

Jana nilikwenda kwa karani wa hospitali nikamganda mpaka akanipa nakala ya malalamiko yote, si ile mistari minne. Ukurasa mmoja, umepigwa taipu, nukta zote mahali pake. Nilifika kwenye sentensi ya binti kumwinua mzee kwa kumvuta mshipi wa kiunoni huku mzee akilia, nikajiuliza haya maneno nimeyaona wapi. Nikarudi nyumbani. Nikainua birika.

Mifano yenu haitungwi. Lazima iwe imeandikwa na mtu kweli. Hata kusema uongo huwezi mpaka uunakili kwenye kadi na kumtumia unayemdanganya. Nimecheka, Profesa. Nimecheka jikoni peke yangu mpaka Mzee akaita kuuliza kuna nini, nikamwambia hakuna kitu, ni barua ya mwanao.

Na kilio hicho sikuwahi kukuandikia. Ulikiona. Ulikuja, ukatazama, ukaondoka. Lini? Ulisimama wapi? Mimi nimeacha kuwasalimia majirani wiki mbili nikiwadhania ubaya, kumbe mchomaji anakula kwenye sahani moja na mimi tangu utotoni.

Na kwa kuwa umekiona nikuambie kilio chenyewe. Mzee analia. Analia akisikia taarifa ya habari, analia chai ikiwa na sukari, juzi amelia kwa sababu paka amepita. Ni kiharusi, kimeng'oa bawaba za mlango huo. Anatukana na kulia na kupanda ngazi kwa pamoja. Ungeingia ndani ningekueleza kwa dakika mbili.

Uliniambia niombe radhi. Wewe, uliyeniandikia mashtaka, ukaniandikia na utetezi, aya nzima, nikariri. Nimechoka na wewe hadi kwenye mifupa.

Vidole vyake vimejikunja kabisa. Ngazi sasa hawezi hata moja.

Sina la kuongeza.

*

Chumba cha Kamusi
22 Machi

Dada,

Ilikuwa Jumamosi ya pili ya Februari. Sikuaga mtu, nilitaka kuwashtukiza. Nilikuwa na mkate na redio mpya ya Mzee. Nilipofika ua wa nyuma nikasikia sauti yako, nikatazama kwenye dirisha la jikoni. Ulikuwa umemshika kwa nyuma unasema simama, simama, sijakuambia ukae. Na yeye analia kwa sauti kama mtoto.

Unajua nilivyolelewa na huyo mtu. Wewe ulikuwa msaidizi wake dukani, mimi nilikuwa mtu wa rula. Alinichapa kwa ile rula ya kupimia nguo kwa kila pindo lililokwenda upande, na hata siku aliyomzika Mama sikuona jicho lake limelowa. Nilikuwa sijui kwamba analo chozi. Nikasimama pale na mkate wangu, miguu ikakataa kuingia. Nikarudi stendi. Redio ninayo hapa, bado iko ndani ya boksi.

Niliandika malalamiko usiku huo, kwa Kiingereza, kwa sababu fomu yao ni ya Kiingereza na kwa sababu kwa Kiingereza hukuwa wewe, ilikuwa sentensi tu. Nilitafuta neno nusu saa. Ilikuwa rahisi kuandika kuliko kuingia, huo ndio ukweli wote. Nilidhani watakuonya kidogo, kwa siri, upunguze. Sikujua habari ya leseni. Na ulipoandika nikaogopa, nikajificha kwenye kadi, na kadi ndiyo ikanitoa.

Sikuombi unisamehe sasa. Nimepeleka barua ya kuyafuta malalamiko. Nimemwambia mhariri mkuu kwamba herufi A imemfia mikononi, akanitukana kwa ukali, kwa maana ile nzuri ya ukali. Nafika keshokutwa kwa basi la asubuhi. Nielekeze kila kitu kabla hujaenda kwenye kamati. Nitamshika mimi.

Mdogo wako

*

Nyumbani kwa Mzee
27 Machi

Dada,

Nampa barua hii kondakta wa basi la leo akufikishie kwa Shangazi, huko ulikofikia, kabla ya kikao cha kesho, maana nataka uisome kabla hujasimama mbele ya watu wale.

Ulipoondoka juzi, ukiniachia maelekezo kama askari anayekabidhi zamu, nikajiambia mimi nitafanya kwa njia yangu. Nilimwashia Mzee redio. Nikamsomea gazeti. Nikamwambia Baba, ukijisikia tu, tutasimama kidogo. Akatabasamu kwa ule upande mmoja, akala chungwa langu, hakujisikia mpaka jioni. Nikasema kesho. Kesho yake tena hakujisikia. Nikamwomba, nikambembeleza, nikamwahidi samaki wa kukaanga. Anafurahi sana mtu huyu akibembelezwa, Dada. Hatoki kwenye kiti.

Jana adhuhuri aliteleza. Sikuwa nimemfunga mshipi, niliona ni kumdhalilisha. Aliteleza taratibu kutoka kwenye kiti hadi sakafuni, na mimi na digrii zangu mbili tukashindwa kumwinua. Nilimwita jirani kupitia ukutani. Akaja, na akanitazama kwa namna ambayo sitaisahau. Akaniambia, “Dada'ko angekuwepo asingeanguka. Yule anapiga kelele, lakini hajawahi kumwangusha.” Mama huyo alikuwa akikuombea dua miezi yote hii, na wewe umemnunia.

Leo asubuhi nilimfunga mshipi. Nikasema simama. Akaniambia neno ambalo nimelitafuta kwenye kadi zetu zote na hatuna. Nikasema simama, nikanyanyua, akanipiga kofi kwa mkono wa kushoto, nikanyanyua tena. Sauti iliyonitoka sikuijua, iliwafukuza kuku uani. Akalia. Nikalia na mimi, kwa nini nifiche, tukawa tunalia wote wawili tunaelekea mlango wa jikoni, na jirani anagonga ukuta anauliza kama kuna msiba. Lakini alifika mlangoni. Na ngazi ya kwanza aliigusa kwa mguu wa kulia.

Baada ya hapo alichoka, akashika mkono wangu, akausogeza mgongoni kwake, kwenye mshipi, akasema kwa ule ulimi wake mzito, “Shika vizuri.” Ni hayo tu. Kisha akaniita mbwa.

Kesho wakikusomea neno langu, kumbuka aliyeliandika alikuwa nje.

Mdogo wako

*

Kwa Shangazi
29 Machi

Mdogo wangu,

Barua yako ilifika saa moja kabla ya kikao. Niliisomea kwenye benchi la nje.

Walikuwa watano. Kwanza wakasoma ombi lako la kufuta malalamiko. Mwenyekiti akavua miwani, akasema malalamiko yakishapokelewa hayafutwi, yanasikilizwa tu. Nilitaka kupiga meza. Kumbe yule aliyeshtaki hataki kesi, aliyeshtakiwa hataki kesi, mgonjwa hataki kesi, na kesi iko palepale inakunywa chai.

Kisha akaniuliza. Je, ni kweli nimekuwa nikimhudumia mgonjwa huyu, akalitaja neno lenu. Aya yako ya uthabiti nilikuwa nayo kwenye mkoba. Faili la daktari nilikuwa nalo mapajani. Wote wanasubiri niseme hapana.

Nikasema ndiyo. Nikasema mara tatu kwa siku, tangu Desemba, na Jumapili pia. Nikawaambia kwamba mtu akiumwa namna ile mwili wake unamwambia akae, na mwili unajua kubembeleza kuliko mimi, kwa hiyo lazima awepo mtu wa kugombana nao, na katika nyumba yetu mtu huyo nilikuwa mimi peke yangu. Nikasema baba yangu alinichukia kuanzia saa mbili asubuhi hadi saa kumi na mbili jioni, kila siku, na mimi nililia bafuni kila siku, maji yakiwa wazi ili asisikie. Hilo sikuwahi kukuandikia hata wewe. Kisha nikafungua faili. Daktari mmoja mama, wa kamati, aliyekaa pembeni alilisoma, akampa mwenzake, likazunguka meza.

Leseni yangu imebaki. Wamenipa onyo la maandishi, kwa sababu kamati ikikaa lazima itoe kitu. Lakini wamekuta kosa jingine, ambalo wewe hukuliandika wala mimi sikulifikiria: mhudumu haruhusiwi kumtibu ndugu wa damu. Kanuni ipo, ukurasa wa arobaini na kitu, mkuu wangu aliisahau, nami nikaisahau. Kwa hiyo Mzee nimenyang'anywa. Moja kwa moja. Nikimshika tena mguu, leseni inaondoka. Hospitali itamtuma mtu kutoka mjini mara mbili kwa mwezi, kwa mguu unaotaka mara tatu kwa siku. Nilimwambia mwenyekiti hesabu hiyo. Akasema anaelewa. Kila mtu pale alikuwa anaelewa.

Mtoto wa mgonjwa asiye mwajiriwa wa hospitali, kanuni haimtaji.

Kwa hiyo mwandikie mhariri mkuu wako kwamba hurudi mwezi huu, wala ujao. Kadi zako zije kwa basi, uzifanyie kazi Mzee akilala. Sijakusamehe bado, nitakusamehe tukiwa wote tumechoka sawasawa.

Nafika Jumamosi. Nitapika, nitafua, na saa ya mazoezi nitakaa jikoni, mlango umefungwa, mikono yangu nikiikalia. Utamsikia akiniita. Mwanzoni ataniita mimi, kwa sababu atadhani mimi ndiye nitakayemwokoa. Sitatoka. Na wewe usimwachie.

Dada yako